Siku Niliyosamehewa Msaragambo

Ipo asubuhi moja, mwanangu, ambayo nikiikumbuka hadi leo nausikia ubaridi wa Chome ukinipanda mgongoni. Ukungu ulikuwa haujaondoka mlangoni. Baragumu likalia kutoka kilimani, likanyamaza, likalia tena, na kijiji kizima kikaanza kutafuta majembe. Ilikuwa siku ya msaragambo. Ninyi watoto wa mjini siku hizi mnaitwa kwa ujumbe wa simu na bado hamji, lakini sisi baragumu likilia, kila nyumba ilitoa mtu wa kwenda kwenye kazi ya wote: kuchimba barabara, kubeba mawe ya shule, au kama siku hiyo, kutengeneza ndiva, lile bwawa letu la kukusanya maji ya mfereji. Usiku maji hujaa humo, asubuhi tundu lake hufunguliwa, na kila shamba hupata maji kwa zamu.

Nimeanzia huko kwa sababu ya simu yako ya juzi, Upendo. Ulinipigia kwa furaha kunieleza kwamba filamu ya kwanza uliyoiandika itapigwa huku kwetu Chome, na kwamba mwongozaji amekuhurumia. Barabara mbaya, kiti mwendo chako kitakwama, basi wewe ubaki hotelini Same upumzike, wao watapanda na kila jioni watakutumia vipande kwenye simu. Ukasema, "Bibi, wananijali mpaka naona aibu." Nikasema, "Haya," nikanyamaza. Ukadhani mtandao umekatika. Mtandao ulikuwepo, mwanangu. Nilikuwa natafuta pa kuanzia.

Mimi miguu ilipooza nikiwa mdogo, kwa polio, kabla sijajua kuitumia vizuri. Mjomba alinichongea magongo ya mti, nikakua nayo. Kila niliporefuka alinichongea mengine huku akilalamika kwamba nitamaliza msitu wa Shengena. Baba alikuwa amefariki. Nyumbani tulikuwa wawili, mama na mimi, na shamba la tangawizi lililokuwa likitegemea maji ya ndiva. Tangawizi ile ndiyo iliyotuvisha na kunipeleka shule. Bila maji, sisi hatukuwa na kitu.

Asubuhi hiyo mama alikuwa kitandani na homa. Nikajifunga khanga kiunoni, nikachukua magongo. Nilikuwa msichana wa sekondari, najiona mtu mzima. Kabla sijavuka kizingiti akafika Mzee Elisamia, mwenyekiti wa ndiva, mtu mpole sana aliyekuwa na kikohozi cha kujisafisha koo kabla ya kila neno. Nikamwamkia. "Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Hmm-hmm. Unakwenda wapi na hali yako hiyo? Kaa. Mama mgonjwa, wewe ndio hivyo. Nyumba hii tumeisamehe. Maji yenu mtapata tu, nani atawanyima?"

Sitakudanganya, nilifurahi. Njia ya kwenda ndivani ni mteremko wa kuteleza, kisha mwinuko. Nikarudi jikoni, nikachochea moto, nikala makande ya jana nikiwa nimenyoosha miguu, nikisikia kwa mbali watu wakiimba na majembe yakigonga mawe. Nilijiona nimependwa, na kweli nilikuwa nimependwa. Mzee yule hakuwa na hila hata chembe. Hilo ulishike, maana ndilo gumu kuliko yote katika habari hii.

Sasa, desturi ya kwetu ni kwamba kazi ikiisha, watu hawatawanyiki. Hukaa palepale ukingoni, matope yakiwa bado miguuni, na kikao cha maji kinafanyika. Hapo ndipo zamu hupangwa. Siku hiyo wakazipanga upya kwa sababu kiangazi kilikuwa kimekaza. Kila aliyekuwepo akasema shida ya shamba lake, huyu ana maharage yametoa maua, yule ana mboga za sokoni. Kila nyumba husemewa na mtu wake mwenyewe, na yetu haikuwa na wa kusema. Tukaja kupata zamu ya mwisho kabisa, baada ya wote, wakati ndiva imebaki tope. Hakuna aliyetunyima. Tulisahauliwa tu, tena na watu waliotupenda.

Mama alipopata nafuu akashuka shambani. Akarudi na kitangawizi kimoja mkononi, majani yamegeuka manjano, akakiweka juu ya meza bila kusema neno. Ningependa angenigombeza.

Aliyenigombeza ni bibi, mzaa mama. Huyo bibi ungempenda, Upendo. Alikuwa mfupi hata mbuzi walimwangalia kwa mshangao, anavuta ugoro, na ulimi wake haukuwa na likizo. Aliishi kwa mjomba, ng'ambo ya mfereji. Alikuja akaketi, akakitazama kile kitangawizi, akaniuliza kwa Kichasu chetu cha Upareni siku ile nilikuwa wapi. Nikamwambia nilisamehewa.

"Nani alikwambia kusamehewa ni zawadi?" akasema. "Leo wamekusamehe kazi. Kwa hiyo wamekusamehe na kikao. Kesho watakusamehe na maji yenyewe. Utafika mahali watu wanakuhurumia mpaka unakufa kiu."

Nikaanza kulia. Nikamwambia, "Bibi, mimi nitabeba nini? Nitabeba jiwe kwa meno?"

"Ulikwenda ukauliza?" akasema. "Hukwenda. Umejuaje kuna mawe tu?" Akavuta ugoro wake, akapiga chafya, akaondoka. Hakunibembeleza. Mama ndiye aliyenifuta machozi, kisha naye akatoka nje akalia zake.

Baragumu lililofuata, sikumsubiri Mzee Elisamia. Niliondoka wakati kuku bado wako bandani. Mteremko niliushuka nimekaa, nikijisukuma kwa mikono, magongo nimeyatanguliza yateleze mbele yangu kwenye nyasi, na khanga yangu ikapata rangi isiyotoka tena. Nilipofika, watu walisimama wakanitazama. Mzee Elisamia akaja mbio, uso umejaa huzuni ya kweli. "Hmm-hmm. Mtoto wa watu, utaumia! Si nilikusamehe?"

Kabla sijajibu, sauti ikatoka chini kwenye ukingo. "Mwache apite. Namsubiri hapa."

Alikuwa bibi, na vikongwe wenzake wawili, wamekaa chini miguu imenyooshwa, mikono imezama hadi kwenye viwiko kwenye udongo wa mfinyanzi. Mwanangu, miaka yote niliyokuwa nimeishi kijijini hapa sikuwahi kujua kazi hiyo ipo. Tundu la ndiva huzibwa kwa gogo na udongo uliokandwa, na nyufa za ukingo nazo huzibwa kwa udongo huohuo. Usipokandwa ukalainika, ndiva inavuja usiku kucha, na mawe yote waliyobeba wale wenye mabega yanakuwa kazi bure. Kazi hiyo hufanywa kwa kukaa. Miguu haihusiki kabisa. Bibi akanisogezea fungu langu. "Kanda," akasema. "Na usikande kama unakanda maandazi, huu una mawe."

Nikakanda mpaka mikono ikawaka. Na nikiwa nakanda, nikagundua jambo jingine. Aliyebeba jiwe hawezi kusikiliza; anahema tu. Aliyekaa ukingoni anasikia kila kitu. Nilisikia wanaume wawili wakibishana nani kabeba jiwe kubwa, kila mmoja akiliacha chini ili aonyeshe kwa mikono yote ukubwa wa la kwake, na kazi imesimama. Nilimsikia mke wa mmoja akimwambia mumewe mbona mawe ya nyumbani habebi hivyo. Nikaanza kuwaigiza kwa sauti ndogo, kuwachekesha wale vikongwe. Bibi akacheka hadi ugoro ukamwagika. Wakageuka wa karibu, wakasogea wa mbali, mwisho hata wabishi wenyewe wakaja kujisikiliza.

Kikao kilipoanza, nilikuwepo. Zamu zikasomwa, yetu bado ya mwisho. Msichana kumkosoa mzee hadharani kwetu ni utovu wa adabu, na mimi nilikuwa nampenda mzee yule. Sikujua niseme vipi. Bibi akanigusa ubavuni kwa kiwiko chenye tope. Basi nikafanya nilichokuwa nimekifanya asubuhi nzima. Nikasafisha koo, "Hmm-hmm," nikaweka sauti ile ya upole: "Kaa, mwanangu. Nyumba hii tumeisamehe. Maji yenu mtapata tu, nani atawanyima?" Watu wakaangua kicheko. Kisha nikamwigiza mama akiingia na kile kitangawizi, akikiweka mezani. Hapo sikusema neno lolote, niliweka bonge la udongo mbele yangu taratibu, kama yeye alivyoweka.

Kicheko kikaisha. Mzee Elisamia alitazama lile bonge. Nilidhani nimejimaliza. Kisha akakohoa, safari hii kweli, akasema, "Huyu mtoto kaniiga mpaka kikohozi." Akageukia wenzake. "Jamani, tuliwaacha bila kuwauliza. Zamu ya nyumba hii irudi mwanzoni." Ikarudi. Na kuanzia siku hiyo, kila msaragambo, mzee yule alipita kwetu asubuhi kuuliza kama nipo tayari, akatafuta vijana wa kunishusha ule mteremko nisije nikamaliza khanga.

Huo ndio ulikuwa mchezo wangu wa kwanza wa kuigiza. Jukwaa lilikuwa la tope na watazamaji walikuwa na majembe.

Mengine unayajua au umeyasikia. Niliandika maigizo ya Krismasi kanisani kwetu, nikagombana na mchungaji kwa sababu wachungaji wa kondoo katika igizo langu walikuwa wakibishana juu ya zamu ya maji. Akaruhusu, maana wazee wa kanisa walicheka kuliko watoto. Nikapata nafasi Dar es Salaam, nikaandika michezo ya redio. Redio ilinifaa, msikilizaji hajali umeingiaje studio. Nikaandika michezo ya jukwaani, nikapanda majukwaa yasiyo na njia yangu kwa kubebwa mgongoni na waigizaji, na mmoja wao alinibeba mara nyingi mpaka akanioa. Alikuwa anasema nilimwandikia mistari mizuri kwa sababu nilikuwa namnong'oneza sikioni tukipanda ngazi. Mungu ampumzishe. Kisha zikaja filamu, nami nikajifunza kuandika kwa ajili ya jicho.

Na hapo, mwanangu, bibi akiwa keshazikwa na maneno yake nimeyaweka mbali, nikasamehewa tena.

Nilikuwa nimeandika filamu juu ya binti wa milimani mwenye magongo anayekuwa mshona nguo hodari. Mwisho wake, binti anamshonea mama yake gauni la kwenda kanisani, wanatoka nyumbani pamoja, mama anapunguza mwendo ili walingane. Basi, hivyo tu. Upigaji picha ulikuwa mbali, nyumba ya ghorofani, jua kali. Mwongozaji, kijana mwenye heshima zake, akaniambia, "Mama, usijisumbue. Wewe pumzika, kazi yako umeshamaliza." Nikapumzika. Nilikunywa soda baridi. Nilijiona nimependwa.

Filamu ilipotoka nilipanda nayo nyumbani nimwonyeshe mama. Alikuwa mzee sana wakati huo. Nikashuka naye hadi Same, tukaingia kwenye banda la video, nikamkalisha mbele. Mwisho ukafika. Wale vijana walikuwa wameubadilisha. Binti anavaa gauni yeye mwenyewe, anaingia kanisani, kwaya inapaza sauti, anatupa magongo, anatembea. Banda zima likasimama likapiga makofi, wengine wakilia kwa furaha.

Mama hakupiga makofi. Tulipotoka nje akanishika mkono, akaniuliza polepole, "Nakunda, kumbe miaka yote hii ulikuwa unasikitika hutembei, na hukuniambia?"

Iliniuma, Upendo. Bado inaniuma ninapokusimulia. Mama yangu alinilea bila kunifanya nijione pungufu, alipunguza mwendo wake maisha yake yote ili tulingane, na ndio maana niliandika mwisho ule. Ulikuwa asante yangu kwake. Yeye akapata jingine: kwamba binti yake, moyoni, alikuwa akisubiri muujiza, na kwamba yote aliyompa hayakutosha. Nilimweleza pale barabarani, nikamweleza tena nyumbani. Aliitikia, "Nimeelewa, mwanangu." Lakini tangu siku hiyo, nikiinuka kushika magongo, alikuwa ananitazama kwa namna ambayo hakuwahi kunitazama nayo. Alikufa akinitazama hivyo.

Wale vijana hawakuwa na hila, kama Mzee Elisamia hakuwa na hila. Siku ile ya kubadilisha mwisho walikaa pamoja, kila mmoja akasema lake, na nyumba ya binti yule haikuwa na wa kusema, kwa kuwa mwenye nyumba alikuwa anakunywa soda.

Tangu hapo sikukubali tena. Nilikuwa nikisaini kazi, sharti langu lilikuwa moja, niwepo. Nilipanda pikapu juu ya mifuko ya saruji. Nilipanda bodaboda magongo yamefungwa ubavuni, watu wa Kwakoa wakadhani tumebeba fito. Kule Jipe nilikaa kwenye matope ya ziwa siku nzima nikila samaki na kupigwa na mbu, na mwongozaji aliponiambia anataka kipofu wa hadithi yangu aone tena, nilikuwa palepale kumuuliza kwa nini. Tulibishana mpaka chai ikapoa. Hakuona, yule kipofu. Filamu ikapendwa hivyohivyo.

Sasa wewe. Muswada wako nimeusoma, mwanangu, nikiwa nimevaa miwani mbili, moja juu ya nyingine. Yule binti wako wa kiti mwendo anashuka kwenye kiti chake, anakaa kwenye udongo, anaziba tundu la ndiva kwa mikono yake, na maji yanaanza kujaa nyuma yake. Mwisho mzuri. Uliniliza, na mimi silii ovyo. Lakini nakwambia nilichokiona. Siku ya kupiga kipande hicho kutakuwa na baridi, mwigizaji atasema tope limemchosha, mtu mmoja atasema kwa nini asisimame tu, itapendeza zaidi. Watakaa palepale ukingoni, watapanga zamu. Nani atasema kwa niaba ya binti huyo?

Nasaha zangu si nyingi. Ukipewa msaada, pokea. Mimi nimebebwa na watu wengi, na mmoja alinioa, sina haki ya kujifanya mlima usiotegemea mtu. Kubebwa si aibu. Uliza tu unabebwa kupelekwa wapi. Anayekubeba kukuleta panapoamuliwa mambo, mshukuru na umwombee. Anayekubeba kukuweka pembeni, hata kama ana mto laini na soda baridi, mshukuru pia, maana anakupenda, kisha mwambie akugeuzie njia. Usimkasirikie. Mwenye huruma hajui kwamba amekunyima, mpaka umwambie, na ukiweza kumwambia akacheka, utakuwa umefanya kazi yetu sisi waandishi. Na kazi ya kukaa ipo kila mahali. Nenda ukaitafute. Usingoje uambiwe ipo.

Mwongozaji wako sijamwambia lolote, ingawa namba yake ninayo na ulimi wa bibi nimeurithi. Hilo ni lako kusema. Nilichofanya ni kumuuliza dereva wa pikapu ya vifaa kama kiti cha mbele kina mtu. Akasema hakina. Na vijana wa hapa nimewauliza kama ule mteremko wa ndiva bado unaweza kushukwa na mtu na kiti chake. Wakasema kwa watu wanne unashukwa vizuri.

Mungu wa baba zetu akulinde njiani, mwanangu. Akupe kalamu isiyokauka na mdomo usioogopa wapole. Akupe watu wa kukubeba, na akili ya kujua wanakupeleka wapi. Mama yako akikaa kutazama kazi yako, amwone binti yake aliyemlea, asimwone mwingine.

Siku ya kipande cha mwisho nitakuwa ndivani tangu asubuhi, nimekaa palepale alipokuwa akikaa bibi yangu. Udongo nitaanza kuukanda bila wewe, maana uzee hauna subira. Lakini fungu lako nimelitenga, na sitaruhusu liguswe na mtu aliyesimama.